Arusi ya Mariamu na Nguvu ya Neno

Makala haya yamezaliwa na ugomvi. Muhula uliopita kikundi chetu cha wapenda fasihi kilikutana katika chumba kimoja cha semina, hapa Dodoma, kutazama filamu fupi iitwayo Arusi ya Mariamu. Umeme haukukatika, jambo la kushukuru. Taa zilipowashwa, mwenzetu mmoja wa mwaka wa tatu akasema kwa sauti, "Ushirikina mtupu! Ndiyo maana hatuendelei." Mwingine, anayesoma saikolojia, akamjibu kwamba hajui kitu, kwamba tulichokiona ni hipnosisi, jambo la kisayansi kabisa ambalo Wazungu wameliandikia vitabu. Basi tukabishana mpaka mlinzi akaja na funguo zake kututoa. Mimi nilinyamaza. Si kwa hekima, ila nilikuwa namfikiria shangazi yangu, ambaye nitamfikia baadaye.

Kusudi la makala haya ni kueleza kwa nini majina yote mawili, ushirikina na hipnosisi, yanaikosa filamu hii. Naamini ufunguo umo katika anwani yake yenyewe, ambayo sisi sote usiku ule tuliipita kama abiria wa basi anavyopita kibao cha barabarani.

Kwanza tuiweke filamu mahali pake. Arusi ya Mariamu ni ya mwaka 1985, ina urefu wa dakika 36, na imezungumzwa kwa Kiswahili. Waongozaji wake ni wawili: Nangayoma Ng'oge, Mtanzania, na Ron Mulvihill, Mmarekani. Mulvihill ndiye baadaye alishirikiana na Martin Mhando kuongoza Maangamizi, filamu ndefu ya mwaka 2001 ambamo Amandina Lihamba, mwalimu wa walimu wetu wengi wa sanaa za maonyesho, anaigiza mwanamke aliyelazwa katika hospitali ya wagonjwa wa akili na ambaye kwa miaka mingi hasemi neno. Maangamizi ndiyo filamu ya kwanza Tanzania kuipeleka kushindania tuzo za Oscar. Kwa hiyo filamu tunayoizungumzia ni kama mbegu ya ile kubwa, na kwa maoni yangu mbegu imebana mambo vizuri zaidi kuliko mti.

Mazingira ya nchi nayo yasisahaulike. Mkoloni alituachia Sheria ya Uchawi ya mwaka 1928, ambayo ilimfanya mtu wa mizizi na hirizi atazamwe kwa jicho la polisi. Kwa upande mwingine, mwaka 1974 kilianzishwa pale Muhimbili kitengo cha utafiti wa dawa za asili, maana yake serikali ya wakati ule ilikubali kwamba mganga anajua jambo. Wakati filamu inatengenezwa, basi, mganga alikuwa mtuhumiwa na mtaalamu kwa wakati mmoja. Hata leo hajatoka kabisa katika hali hiyo.

Kisa chenyewe ni chepesi kusimulia. Mariamu ni mwanamke kijana anayeumwa maradhi yasiyoeleweka. Hospitali imeshindwa kumponya. Mumewe anamshawishi waende kwa mganga wa jadi. Mariamu hataki, kwa kuwa anawaogopa waganga, na hofu hiyo ni ya tangu utotoni. Tunachofuata ni safari yake ya kuivuka hofu hiyo hadi kupona. Basi.

Angalia jinsi mgogoro ulivyowekwa. Mtunzi mvivu angeweka daktari upande huu na mganga upande ule, kisha awapiganishe mpaka mmoja aanguke, nasi tupige makofi. Tumeona michezo ya namna hiyo tangu shule ya msingi. Hapa ukuta ambao Mariamu anapaswa kuuvuka haupo kati ya taasisi mbili, umo ndani ya kumbukumbu yake. Kinachomzuia kupona ni kitu alichokiamini alipokuwa mtoto. Yaani kabla mganga hajamtia neno lolote, neno jingine limekwisha kumwingia zamani.

Sasa tuje kwenye hiyo hipnosisi. Jina hilo lilitokana na maandishi ya James Braid, tabibu wa Kiskoti aliyefanya kazi Manchester, katika kitabu chake cha mwaka 1843. Alilitwaa katika Kigiriki, kwenye neno lenye maana ya usingizi, kwa vile aliona wagonjwa wake kama wanaolala. Lakini kabla yake alikuwapo Franz Mesmer, aliyedai kwamba kuna umajimaji usioonekana unaopita kati ya miili ya viumbe, na kwamba yeye anaweza kuuelekeza apendavyo. Mwaka 1784 mfalme wa Ufaransa aliunda tume ya kuchunguza madai hayo, na Benjamin Franklin alikuwa mmoja wa wajumbe. Jaribio lao moja linanifurahisha kila nikilikumbuka. Mfuasi wa Mesmer aliutia mti mmoja katika bustani ya Franklin hiyo nguvu inayosemwa. Kijana wa miaka 12 akafungwa kitambaa machoni, akapitishwa kukumbatia miti mbalimbali, mmoja baada ya mwingine. Alipofika mti wa nne akazimia. Tatizo ni kwamba mti uliotiwa nguvu ulikuwa mwingine kabisa, kule mbali.

Tume ikahitimisha kwamba umajimaji huo haupo, na kwamba yote ni kazi ya mawazo ya mtu. Ilikuwa sahihi. Lakini ilifunga jalada mapema, maana kijana alizimia kweli! Kama mti haukumwangusha, nini kilimwangusha? Ilipita karibu miaka mia moja kabla ya Hippolyte Bernheim, daktari wa Nancy, kulishika swali hilo kwa mikono miwili na kusema kwamba usingizi si lazima, kwamba kinachofanya kazi ni wazo lililopokewa na mgonjwa likageuka kuwa tendo la mwili wake. Mwenzetu wa saikolojia, basi, alikuwa amebeba jina la Braid, la usingizi, wakati hoja aliyokuwa akiitafuta ni ya Bernheim.

Kwa bahati mbaya sinema ilimpenda Braid kuliko Bernheim. Katika filamu ya Ujerumani ya mwaka 1920, Das Cabinet des Dr. Caligari, bwana mmoja wa maonyesho ya gulioni anamtawala kijana aitwaye Cesare, anayetembea usingizini, na kumtuma usiku kuua watu. Tangu hapo mtazamaji amezoeshwa kudhani kwamba nguvu ya neno ni macho makali ya mtu mmoja juu ya mtu mwingine asiye na nia yake. Hata Werner Herzog alipotaka kufanya majaribio ya kweli, katika Herz aus Glas ya mwaka 1976, aliwafanyia hipnosisi karibu waigizaji wake wote kabla ya kuwapiga picha, na matokeo yake ni watu wanaosogea kama wako chini ya maji. Ni filamu ya ajabu na sijutii kuitazama, ingawa usingizi ulitaka kunichukua na mimi.

Mariamu si Cesare. Hapokonywi nia, nia yake ndiyo inayotafutwa. Asipokubali kwenda, hakuna filamu. Hapa ndipo anwani inapoanza kuzungumza, kwa sababu Mariamu ana mume tangu mwanzo wa kisa. Sasa arusi ni ipi?

Hebu tuulizane, arusi ni nini? Ondoa pilau, ondoa matarumbeta na vibao vya ngoma, kinachobaki ni maneno. Wali anatamka, bwana arusi anaitikia, mashahidi wanasikia. Kanisani ni hivyo hivyo, ila mpangilio ni mwingine. Dakika moja kabla ya maneno hayo huyu alikuwa binti wa watu, dakika moja baadaye ni mke wa mtu, na hakuna daktari atakayempima damu akaiona tofauti. Hata hivyo tofauti ipo, na ina nguvu: anahama nyumba, anabadilishiwa jina, watu wanamwamkia kwa namna nyingine. Mwanafalsafa J. L. Austin, katika mihadhara iliyochapwa mwaka 1962, alilichukua neno la arusi kuwa mfano wa kauli ambazo hazielezi jambo bali zinalitenda. Akaongeza kwamba kauli kama hizo zina masharti. Mlevi wa kilabuni akitangaza kwamba amewaoza wateja wawili, hakuna arusi, hata kama ametamka maneno yote sawasawa.

Kwa usomaji wangu, hicho ndicho Arusi ya Mariamu inachokionyesha kuhusu uganga. Tiba ni kauli inayomhamisha mtu kutoka hali moja kwenda nyingine, na kama arusi, inahitaji aliyeidhinishwa kutamka, anayekubali kwa hiari, na watu wa kushuhudia. Mumewe ni shahidi. Sisi tuliokaa gizani kwenye viti vya plastiki ni mashahidi. Mtu anayeoa au kuolewa halali usingizi. Akilala, arusi imebatilika. Ndiyo maana nasema hipnosisi ni jina lisilotosha. Na ushirikina nao hautoshi, kwa kuwa neno hilo linatuambia tusiamini, lakini halituambii kwa nini kijana wa bustanini alianguka.

Wasomaji wa gazeti hili watakuwa wamekwisha kumkumbuka Ebrahim Hussein. Katika Mashetani, tamthilia ya mwaka 1971, vijana wawili wasomi, Juma na Kitaru, wanakwenda chini ya mbuyu na kucheza mchezo. Juma anakuwa Shetani, Kitaru anakuwa Binadamu. Ni mchezo tu. Lakini kwa Juma mchezo unaisha, kwa Kitaru hauishi: anaugua, anaandamwa, na wazee wake wanamtafutia daktari. Darasani tumezoea kuieleza Mashetani kwa tabaka, ukoloni mamboleo na historia ya Pwani, na maelezo hayo ni ya haki. Ila mimi naomba tuisome pia kama uchunguzi wa neno lililotamkwa bila masharti yake. Wawili wako peke yao. Hakuna mzee, hakuna shahidi, hakuna mtu wa kusema "mchezo umekwisha, twendeni nyumbani." Kitaru amepewa nafasi katika igizo na hakuna aliyemvua. Ni arusi ya kinyume.

Ukisafiri kutoka Dodoma kwenda Mtera, mibuyu imesimama pande zote mbili za barabara, mingine minene kuliko nyumba za watu. Kila kijiji kina mmoja ambao watoto wanakatazwa kuusogelea magharibi. Mti ni mti, kama ule wa bustani ya Franklin. Lakini Hussein alijua alichokuwa anafanya alipouchagua mbuyu badala ya mwembe: nusu ya kazi ya Shetani ilikuwa imekwisha kufanywa na bibi zetu.

Wala mtamkaji si lazima awe mmoja. Januari 1962, wiki chache baada ya uhuru, wasichana watatu wa shule ya bweni ya Kashasha, karibu na Bukoba, walianza kucheka wasiweze kuacha. Kufikia Machi wanafunzi 95 kati ya 159 walikuwa wamekumbwa, na shule ikafungwa. Madaktari waliochunguza hawakukuta sumu wala kijidudu. Na hakukuwa na Caligari yeyote nyuma ya pazia; kundi lilijitia neno lenyewe.

Nilisema nitamfikia shangazi. Sisi tunaotoka Dodoma tuna neno letu moja tunalobebeshwa nchi nzima, nalo ni Mirembe. Hospitali hiyo ya magonjwa ya akili ipo hapa tangu miaka ya 1920, na jina lake limekuwa tusi na utani. Nenda Mwanza, nenda Tanga, sema unatoka Dodoma, lazima atatokea mmoja akuulize, "Umeruka ukuta lini?" Nasi tunacheka, tufanyeje. Lakini shangazi yangu alilazwa pale kweli, nilipokuwa darasa la tano. Alitibiwa vizuri. Alitoka akiwa analala usiku, anakula, anajua majina yetu sote na madeni ya kila mtu. Dawa ilikuwa imefanya kazi yake.

Kijijini haikuwa hivyo. Akicheka kwa sauti, watu wanatazamana. Akikasirika kwa haki kabisa, mathalani mbuzi wa jirani akiingia katika mtama wake, anaambiwa, "Pole pole mama, umemeza vidonge?" Hakuna aliyemkusudia mabaya, wengine walidhani wanamhurumia. Mwaka wa pili akaacha kwenda kilabuni kuuza pombe yake ya mtama, kisha akaacha kwenda kanisani, kisha akawa mtu wa kukaa mlangoni. Mimi sikulielewa jambo hilo mpaka usiku ule wa filamu. Hospitali ilimtoa katika ugonjwa, lakini hakuna aliyesimama mbele ya watu akatamka kwamba ametoka. Alirudi kwa basi, akashuka na kifurushi chake, akaingia ndani. Kwa lugha ya makala haya, alivuliwa maradhi kwa siri, na jina lake la ugonjwa likabaki hadharani.

Najua pingamizi litakalokuja, na ni pingamizi zito. Mwenzangu wa mwaka wa tatu ataniuliza: je, husemi kwamba watu waache hospitali wakatafute maneno? Hapana, na lazima tuseme wazi mahali ambapo filamu hii inaweza kupotosha. Mwaka 2011 nchi yetu iliona jambo ambalo hakuna mwandishi wa tamthilia angethubutu kulibuni. Ambilikile Masapila, mchungaji mstaafu wa Kilutheri, kule Samunge, Loliondo, alitoa kikombe cha dawa kwa shilingi 500, na akasema amekioteshwa. Magari yalipanga foleni ya kilomita nyingi porini. Walikwenda wakulima, walikwenda wakubwa wa serikali, walikwenda wageni kutoka nje ya nchi. Masharti yote niliyoyataja yalikuwapo: mtamkaji mwenye heshima, safari ngumu inayodai nia, umati wa mashahidi. Na watu walirudi wakisema maumivu yamepungua, nami sidhani walikuwa waongo. Lakini baadhi yao walikwenda na virusi vya UKIMWI, wakaacha dawa za kufubaza, na miili yao ikalipa. Babu alifariki mwaka 2021. Mjadala bado uko hai.

Neno linaweza kulegeza hofu, kupunguza maumivu, kumrudishia mtu usingizi na hadhi yake. Halihesabu chembe za damu. Udhaifu wa Arusi ya Mariamu, kwa maoni yangu, ni kwamba ugonjwa wenyewe umeachwa bila jina, kwa hiyo mtazamaji anaweza kujaza jina lolote alitakalo. Ng'oge na Mulvihill walihitaji giza hilo kwa ajili ya sanaa yao, na kwa kuwa filamu ni fupi halikeri. Lakini ningekuwa mwalimu wa sekondari nisingeionyesha bila kufuatisha mazungumzo.

Kuna jambo moja la fani ambalo siwezi kuliacha. Mwaka 1971, kijijini Simiri nchini Niger, Mfaransa Jean Rouch alikwenda kupiga picha ngoma ya pepo. Ngoma zilikuwa zimelia kwa saa nyingi na pepo hawajapanda. Akawasha kamera, akaingia uwanjani akitembea nayo, bila kukata, kwa muda wa dakika kama kumi. Wapigaji wakaacha, yeye akaendelea kupiga picha. Ghafla pepo wakapanda. Rouch mwenyewe aliamini mpaka mwisho kwamba kamera yake ndiyo iliyowapandisha. Filamu hiyo, Les tambours d'avant, ni fupi kuliko mhadhara wetu mfupi kabisa, lakini inavunja dhana kwamba kamera ni jicho lililokaa pembeni. Kamera nayo ni shahidi, na palipo na shahidi mambo hubadilika. Serikali ya kikoloni ililijua hilo kwa njia yake: kati ya mwaka 1935 na 1937 mradi wa sinema wenye makao yake Vugiri, Usambara, ulitengeneza filamu 35 na kuzizungusha kwa lori, zikiwafundisha Waafrika kuweka akiba posta na kujikinga na safura. Wenye lori walidhani hadhira ni chungu kitupu cha kumiminiwa. Mtazamaji wa Arusi ya Mariamu anaombwa kitu kingine, akae kama mtu aliyealikwa arusini, ambaye kuwapo kwake kunahesabiwa.

Likizo iliyopita nilikwenda kumwona shangazi. Sikuwa na filamu, kwa hiyo nilimsimulia kama hadithi, tukiwa tunapukuchua mahindi. Alisikiliza mpaka mwisho bila kunikatiza, jambo lisilo la kawaida kwake. Nilidhani ataniuliza kuhusu mganga. Akauliza, "Na huyo Mariamu, aliporudi kwao, nani alitoka nje kumpokea?"

Nilimjibu kwamba sikumbuki vizuri, inabidi nikaitazame tena. Akasema nikishaitazama nimpigie simu.